Esta ya Fosfeti

Kasulu, 11 Septemba 2022

Baba mkubwa Nduwayezu,

Shikamoo, na amahoro kwa wote wa hapo Kibondo. Mimi mwili ni mzima. Shuleni kidato cha nne wanajiandaa na mtihani wa taifa, na kwa kuwa mwalimu wa Fizikia amehamishwa, nafundisha Kemia, Baiolojia na hata yale nisiyoyapenda. Vumbi la Kasulu limetukausha midomo, tunangoja mvua. Mwambie mama mkubwa Therese kwamba kitenge alichoniagiza nimekipata, cha rangi ya kahawia kama alivyotaka. Nitakituma pamoja na barua hii kwa mtu wa basi.

Nimeshika kalamu kwa sababu simu yangu hupokei. Nimepiga asubuhi, nimepiga jioni. Mara moja ulipokea, ukasikia ni mimi, ukakata.

Baba mkubwa, baba yangu Ndayiragije ni mdogo wako wa tumbo moja. Tulimzika mwezi uliopita, nikarudi kazini nikiamini mama nimemwacha mikononi mwa ukoo wa mume wake. Sasa nasikia kwa watu wa sokoni, siyo kwako, kwamba siku ya kuondoa msiba ulisimama mbele ya waombolezaji ukasema mama asiguse jembe kwenye shamba lile mpaka ijulikane nani aliyemlisha mume wake sumu. Nasikia mzee wa kanisa Ndihokubwayo amemzuia meza ya Bwana. Nasikia akipita kwenda kisimani watoto wanamwita umurozi, mlisha watu sumu. Mama analala kwa jirani, kwa mama Ange, kwenye mkeka, na nyumba aliyojengewa na mume wake ina kufuli lako.

Nikimuuliza yeye, ananijibu neno moja tu: "Waulize wao."

Haya, nakuuliza. Nani alikwambia baba alilishwa sumu? Ni daktari? Alisema nini? Niandikie maneno yenyewe yaliyotoka kinywani mwake, usiniandikie ulichoelewa.

Mtoto wa mdogo wako,
Uwimana

*

Kibondo, 2 Oktoba 2022

Mwanangu Uwimana,

Marahaba. Huku tunaendelea kwa neema. Mvua ya kwanza imegusa ardhi na watu wameanza kuchimba mashimo ya mahindi. Ng'ombe mwenye baka jeupe amezaa jike. Goti la mama mkubwa wako linamsumbua, lakini kitenge kimefika na amekwenda nacho kanisani. Mwanangu Reverien bado hajaoa, kila mwezi ana sababu mpya.

Simu sikupokea kwa sababu mambo ya ukoo hayasemwi hewani. Barua mtu huisoma mara mbili kabla ya kukasirika. Yako nimeisoma mara mbili na bado naona umenikosea adabu, lakini nitakujibu kwa sababu umefiwa.

Ulitaka maneno ya daktari. Nakupa. Baba yako alianguka mchana. Mimi na Reverien tulimpakia kwenye pikipiki tukamkimbiza hospitali ya kambi ya wakimbizi ya Nduta, ambako hata sisi raia tunatibiwa. Alikuwa anatokwa mate kama mtoto anayeota meno, jasho limemlowesha, nyama za mikono zinamchezacheza, na mboni za macho zimekuwa ndogo hata huzioni. Alikuwepo daktari Mkongomani, Polycarpe, pamoja na wanafunzi wake wa uganga. Akamwinamia baba yako, akamtazama macho, akamnusa. Kisha akawageukia wanafunzi akasema kwa sauti: "Ni Ester. Ester ya fosfeti." Akarudia tena, wakatikisa vichwa kama watu walioelewa.

Mimi sikuwa nimemtajia mtu yeyote pale jina la mke wa ndugu yangu. Hata jina langu walikuwa hawajaniuliza. Yule mgeni angelijuaje jina la Esteri kama siyo mgonjwa mwenyewe aliyemnong'oneza, au Mungu aliyemfunulia?

Na fosfeti ni nini? Hata mimi niliyeishia darasa la saba najua. Ni mbolea. Mfuko wake ulikuwepo nyumbani kwa mama yako, nyuma ya mlango, nimeuona kwa macho yangu. Chakula cha mchana nani alipika? Baba yako asubuhi alikwenda kazini kama kawaida, mzima kabisa, mchana akawa mtu wa kubebwa.

Sikufurahia kusema niliyoyasema. Lakini damu ya ndugu yangu isingeacha ninyamaze. Nyumba nimeifunga ili vitu vya marehemu visipotee. Wewe fundisha watoto wa watu, ya huku tuachie sisi.

Baba yako mkubwa,
Nduwayezu

*

Kasulu, 23 Oktoba 2022

Baba mkubwa,

Shikamoo. Nafurahi kusikia ng'ombe amezaa salama. Mama mkubwa akande goti kwa maji ya moto yenye chumvi, na lisipotulia aende hospitali. Huku mvua imeanza kwa hasira, imeezua bati za bweni la wavulana.

Barua yako niliisomea chumba cha walimu. Nilianza kucheka, wenzangu wakanitazama, kisha nikashindwa kuingia darasani.

Baba mkubwa, daktari hakumtaja mama yangu. Esta ni aina ya kitu katika kemia. Asidi ikiungana na kileo kwa namna fulani, kile kinachozaliwa huitwa esta. Harufu ya ndizi mbivu ni esta. Mafuta unayokaangia ni esta. Wakongomani wamesoma kwa Kifaransa, nao neno hilo hulitamka "ester", karibu kabisa na jina alilobatizwa mama. Ulisikia sawasawa kwa masikio yako, na kwa neno ulilosikia mama yangu analala kwenye mkeka wa watu!

Na fosfeti si mbolea tu. Ukisema "mti" hujasema ni mwembe au ni mtupa wanaoulia samaki. Fosfeti ni fosforasi iliyoshikana na oksijeni, na ipo kila mahali. Ipo kwenye mfuko wa mbolea, kweli. Ipo kwenye mifupa yako. Ikiungana na vitu vya uhai huitwa organofosfeti, na mwilini mwako zimejaa. Bila hizo usingeweza kuinua jembe, wala moyo wako usingepiga. Ndivyo jina hilo lilivyo vitabuni. Lakini daktari akiwa amemwinamia mtu anayetetemeka, halitumii kwa maana hiyo pana. Anapoitaja organofosfeti, au esta ya fosfeti, anasema dawa ya kuulia wadudu. Ile ya kupulizia mashambani.

Nisikilize, maana haya nayafundisha na nayajua. Mshipa wa fahamu ukituma amri kwa msuli, mwilini kuna kitu cha kuifuta amri hiyo ili msuli upumzike. Dawa ile hukishika kitu hicho kisifanye kazi. Amri haifutiki. Ndiyo maana mate hayakomi, jasho halikomi, nyama zinacheza, mboni zinasinyaa, mwisho kifua kinajaa maji na pumzi inakwisha. Umeniandikia mwenyewe dalili hizo zote, moja baada ya nyingine, kama mtu anayesoma kitabu changu. Mbolea ya kupandia haifanyi hivyo. Na dawa ile haihitaji kuliwa, hupita kwenye ngozi.

Sasa rudi kwenye mstari wako mmoja. Umeandika baba "alikwenda kazini kama kawaida". Kazi gani? Shamba la nani? Kwa hilo mama amenijibu: baba aliondoka alfajiri bila chochote mkononi, naye akamwona baadaye akipita na bomba la kupulizia mgongoni. Sisi hatuna bomba. La kwetu liliuzwa mimi nikiwa bado chuoni.

Lile lilikuwa bomba la nani, Baba mkubwa? Mengine yote yaache, nijibu hilo tu.

Uwimana

*

Kibondo, 18 Desemba 2022

Uwimana,

Tumeipata barua yako. Hatujambo.

Nilikaa nayo muda mrefu. Nilitaka nisijibu kabisa, mama mkubwa wako akasema mtoto asiachwe bila jibu.

Mimi nilikubeba mgongoni wewe. Baba yako alipokosa ada nilipanda milima hii kumtafutia kibarua ili usome hicho unachonisomea leo. Na leo unanifundisha habari za ndizi mbivu! Nimewasomea wazee barua yako kidogo. Mzee Ndihokubwayo amesema elimu ni nzuri lakini mtoto atamtetea mama yake hata kwa Kichina. Nami nasema hivyo hivyo. Ukipewa kitabu chenye maneno magumu unaweza kumfanya mbuzi awe kondoo.

Kuhusu bomba, mabomba yapo mengi Kibondo.

Ukoo umekaa. Tumeamua hivi: shamba la marehemu atalima Reverien, ili lisigeuke pori. Mama yako baada ya Krismasi atarudi kwao Kasanda, kwa kaka zake. Hatumpeleki polisi kwa kuheshimu jina la mdogo wangu. Shukuru kwa hilo.

Krismasi njema.

Nduwayezu

*

Kasulu, 8 Januari 2023

Baba mkubwa,

Shikamoo. Heri ya mwaka mpya kwako na kwa mama mkubwa. Mimi sikula sikukuu, nilikuwa safarini.

Nimekwenda kambi ya Nyarugusu. Niliomba kibali, nikakipata kwa shida, nikaingia. Kwa sababu yule daktari Polycarpe amehamishiwa huko, na mimi sikuona sababu ya kuendelea kubishana na wewe juu ya maneno ya mtu aliye hai na anayeweza kusema mwenyewe.

Nilimkuta amesimama nje ya wodi anakula muhogo wa kuchoma. Nikamwambia jina la baba na mwezi aliofariki. Akaacha kutafuna.

"Weye njo mtoto ya ule baba wa Kibondo? Pole sana, mama. Ile siku nilipigana sana. Tulimuchoma atropini, dawa ya kuvunja ile sumu, mpaka ya hospitali ikakwisha."

Nikamuuliza alichowaambia wanafunzi wake. Akasema, "Niliwaambia ni ester. Ester ya fosfeti, njo ile dawa ya bidudu. Nilitaka wakumbuke ile harufu."

"Daktari, mama yangu anaitwa Esteri."

Hakunielewa. Nikamweleza yote: kufuli, meza ya Bwana, watoto wa kisimani. Baba mkubwa, yule mtu alikaa chini kwenye ngazi akashika kichwa. Akawa anasema kwa Kifaransa maneno nisiyoyajua. Kisha akaniambia jambo ambalo wewe hukuniandikia.

Aliniambia walipomvua baba shati lilikuwa limelowa mgongoni, na si jasho. Lilikuwa linanuka dawa. Ngozi ilikuwa nyekundu kutoka mabegani mpaka kiunoni, mahali panapokaa bomba. Walimwosha kwa sabuni. Na yeye Polycarpe alimuuliza mtu aliyemleta, mtu mzima mwenye koti jeusi: "Mgonjwa alikuwa anafanya nini?" Yule mtu akajibu: "Alikuwa anapumzika."

Koti jeusi ni lako. Ulilivaa hata kaburini.

Nilimuuliza kama jibu lile ndilo lililomuua. Amekataa kusema hivyo. Amesema harufu ilikuwa imeshamwambia, na kwamba baba alifika amechelewa. Namheshimu kwa kutosema zaidi ya anachokijua. Sisi wengine tungejifunza.

Nimerudi nikampigia mama, ambaye bado yupo kwa mama Ange, hajaenda Kasanda. Sikumuuliza tena nani kasema nini. Nilimwomba anieleze hilo bomba lilivyokuwa. Akanieleza: la bluu, mkanda umefungwa kwa mpira wa baiskeli, tangi limepasuka chini na ufa umezibwa kwa sabuni ya kipande. Kibondo mabomba yapo mengi, ni kweli. La namna hiyo lipo moja, na linakaa kwenye banda lako. Baba alikuwa bondeni anakupulizia nyanya zako za kuuza soko la kambi, kwa sababu mgongo wako ulikuwa unauma na yeye hakujua kukukatalia.

Sijasema ulimuua ndugu yako. Nasema ulijua alikuwa wapi, ukaliacha jina la mama yangu libebe mzigo huo mbele ya watu wote. Hata nilipokueleza maana ya neno lile, hukufungua kufuli. Ulimtafutia Reverien shamba! Kama ni kutokuelewa, kulikwisha Oktoba. Tangu hapo ni kitu kingine, na jina lake unalijua kuliko mimi.

Nakuja Kibondo Jumapili ya mwisho ya mwezi huu. Daktari amekubali, kwa idhini ya mama, kusema kwa simu mbele ya kanisa. Ukitaka kusema wewe kabla yake, una muda.

Uwimana

*

Kibondo, 26 Februari 2023

Mwanangu Uwimana,

Amahoro. Natumaini ulifika salama. Mama mkubwa wako goti limetulia. Ndama anaanza kula majani.

Umenifedhehesha. Naanza na hilo kwa sababu ndilo linalonikaa kooni. Nimekuwa mtu wa benchi la mbele katika kanisa lile tangu likiwa la nyasi. Wewe ukasimama baada ya matangazo, ukamwomba mchungaji nafasi, ukaiweka simu yako kwenye kipaza sauti, na sauti ya yule Mkongomani ikajaa kanisa zima: "Njo mimi Polycarpe. Ile neno nilisema haiko jina ya mutu." Watu wakageuka kunitazama mimi. Hata wanakwaya.

Alipofika kwenye shati lililolowa nilitaka kutoka nje. Ningetoka kweli. Ila mama yako alisimama.

Hajawahi kuongea kanisani, unajua. Alisema taratibu, kwa lugha ya nyumbani, hata wazee wasiosikia vizuri walisikia. Alisema: "Mnasema nilimlisha sumu kwenye chakula cha mchana. Siku ile hakurudi kula. Walimtoa shambani moja kwa moja. Ugali wake nilikuwa nimeufunika, ukalala umefunikwa mpaka tuliporudi na mwili. Hakuna hata mmoja wenu aliyeniuliza kama alikula."

Kisha akaketi. Nadhani hata wewe hukulijua hilo, maana niliona ulivyogeuka kumtazama.

Mzee Ndihokubwayo alilia. Mchungaji akasema kosa ni la kanisa zima. Hayo uliyaona. Usiyoyaona ni ya baadaye, ulipokwisha kupanda basi.

Kufuli nimelitoa siku ile ile. Ufunguo nilimpa mama Ange ampelekee. Shamba Reverien amelirudisha na mipaka yake.

Wiki iliyofuata niliamka nikamkuta Reverien uani, ameshalijaza lile bomba, ameinama anaingiza mikono kwenye mikanda. Wadudu walikuwa wameingia kwenye nyanya. Akaniambia, "Baba, nikimbilie kabla jua halijawa kali." Nilimwona mgongo tu. Ana mgongo wa baba yake mdogo, mpana vile vile. Nilimvua lile bomba kwa nguvu hata akaniuliza kama nimerukwa na akili. Nililikatakata kwa panga, na maji yake nikayafukia mbali na mto. Nyanya zimeliwa zote.

Usinilazimishe kuandika zaidi ya hapo. Wewe una maneno ya kila kitu, hata ya vitu visivyoonekana. Mimi hili sina neno lake.

Nakuuliza jambo moja, na unijibu kama mtoto wangu. Mama yako amerudi nyumbani kwake, analima, tunapishana njiani. Ananiamkia vizuri. Hasemi kingine. Je, amesamehe? Wewe anakwambia. Niandikie anasemaje, ili nijue namna ya kuishi hapa.

Baba yako mkubwa,
Nduwayezu

*

Kasulu, 12 Machi 2023

Baba mkubwa,

Shikamoo. Nimefurahi kwa ajili ya goti la mama mkubwa na kwa ajili ya Reverien. Mwambie akipata bomba jipya asilivae bila koti la mvua mgongoni, na nguo za kazi zifuliwe peke yake. Matokeo ya kidato cha nne yametoka, wasichana wangu wawili wamepata Kemia daraja la juu. Nilitamani baba awepo nimwambie.

Barua yako nimeisoma mara mbili, kama ulivyonifundisha. Mara ya pili sikukasirika kama mara ya kwanza.

Ila swali lako sitalijibu. Tangu Septemba wewe na mimi tumekuwa tukiandikiana juu ya mama yangu. Tumemjadili kwa kemia, kwa ukoo, kwa kanisa. Wewe ulisikia jina lake kwa daktari ukalipeleka kwa wazee. Mimi nililipeleka mpaka Nyarugusu. Hata ufunguo wa nyumba yake uliupitisha kwa mama Ange. Na sasa unataka nikuandikie kutoka Kasulu yale aliyo nayo moyoni mtu anayeishi ng'ambo tu ya uzio wako.

Mama yupo. Anasikia na anaongea, kanisa zima ni shahidi. Jioni huwa nyumbani. Nenda ukabishe hodi, umuulize mwenyewe.

Uwimana